Gemu ya Kumtupa Tarumbeta Mtoni

4 Februari

Binamu Fundi,

Hujambo wewe na bisibisi zako? Mimi mzima, na kama kuna mtu amekuambia vingine, mlete aniambie mimi usoni.

Usidhani nimekukumbuka bure. Nina shida na kazi yako. Ile mashine ya gemu uliyonitumia ili wapwa wakija wasinivunjie vyombo bado iko chini ya tivii, imefunikwa kitambaa. Nataka unichagulie gemu. Wapwa waache, hii ni ya watu wazima wanne: mimi, Mwalimu, Mshonaji na Muuguzi. Unawajua. Ndio wale wale wa kila Jumamosi alasiri sebuleni kwangu, tangu tukiwa wasichana tunagombea kioo kimoja.

Karata zimetuchosha. Siku hizi tunakaa, tunakunywa chai, tunatazamana kama watu walio kwenye foleni ya kung'olewa meno. Mwalimu ananikorogea sukari kikombeni, mimi mwenye mikono yangu miwili! Mshonaji akitaka kukohoa anatoka nje. Nimechoka na adabu hizi. Nataka gemu ya kuchekesha mpaka mtu ateleze kwenye kiti.

Sharti iwe nyepesi. Mwalimu amefundisha hesabu maisha yake yote, lakini mpe kitu chenye vitufe, anakishika kama panya aliyekufa. Mshonaji anaona tundu la sindano, tivii haioni. Muuguzi akishindwa mara mbili ananuna. Kwa hiyo isiwe ya kusoma maelekezo mpaka chai ipoe. Mtu akae, ashike, aelewe, acheke.

Usinipigie simu, imeharibika sehemu ya kuongelea. Andika, umpe kondakta wa basi la asubuhi. Mimi ndivyo ninavyofanya. Stendi nzima ni yangu.

Dada Mkubwa yuko hapa, amekuja kunitembelea. Haondoki.

Tarumbeta


11 Februari

Tarumbeta,

Simu imeharibika sehemu ya kuongelea? Umeipasua kwa makelele, sema kweli. Mwanamke anatangaza safari za mabasi stendi mpaka abiria wa mji wa pili wanabeba mizigo yao, halafu anashangaa simu imekufa.

Sasa nisikilize, maana hapa umeingia uwanja wangu. Kila siku watu wanakuja dukani wananiambia, Fundi, tupe gemu kali, tuko marafiki tunataka kufurahi. Nawaambia gemu kali haifai kwa marafiki. Mmoja ataijua, wengine watabaki kumtazama na kula karanga zake. Ukitaka kundi licheke, tafuta gemu ambayo bingwa na mgeni wote wanaonekana wajinga. Vitufe vichache, raundi fupi, na mtu akishindwa arudi mchezoni upesi kabla hajanuna. Watu huwa hawacheki sana wanaposhinda. Wanacheka mkono unapokataa kuwatii.

Nimekuwekea ya kuimba, pamoja na maiki yake. Tivii inapiga muziki, maneno yanapita, unaimba, inakupa alama. Mwalimu anaimba kama mlango usiotiwa mafuta, kwa hiyo kicheko mnacho tayari. Wewe utawafunika wote, na utaringa wiki nzima, nakujua.

Halafu, mwanangu bado anaulizia. Mshereheshaji wa harusi yake ulipaswa kuwa wewe. Siku ikafika ukatuma neno kwamba umebanwa na kazi. Tukamchukua jirani yetu mmoja, akasoma majina ya wageni kama anasoma mita ya maji. Nimesamehe, lakini nitakusema mpaka nizeeke.

Fundi


19 Februari

Fundi,

Maiki yako hiyo, nakurudishia. Haifai. Majirani wanataka utulivu, na maiki yenyewe inanuka midomo ya wateja wako wote.

Nipe nyingine. Na uharakishe, Jumamosi iliyopita tulikunywa chai tena. Muuguzi aliniwekea mto mgongoni. Niliutupa uvunguni, akauokota, akauweka tena.

Tarumbeta


26 Februari

Tarumbeta,

Majirani! Wewe! Tangu lini majirani wakawa watu kwako?

Haya. Hii nyingine ni ya nyumba inayoungua. Mmoja wenu anaiona nyumba yote kwenye tivii, watatu wanafunga macho kwa kitambaa na kushika pedi za kuchezea. Yule anayeona anawaelekeza kwa mdomo: kulia, simama, ruka, mjinga wewe nimesema ruka! Wakikosea wanaungua, mnaanza upya. Dukani kwangu watu wamefika kulia machozi kwa kucheka. Nilipoiona tu nikasema, hii imetengenezwa kwa ajili ya binamu yangu. Nani atakuzidi kupanga watu kwa mdomo?

Jambo jingine. Kondakta nilimwuliza hali yako, akainama kukagua tairi. Nami nikainama. Tairi lilikuwa zima.

Una nini?

Fundi


3 Machi

Fundi,

Hapana. Nayo inarudi. Ni ya maneno maneno.

Sina kitu.

Tarumbeta


8 Machi

Tarumbeta,

Sasa nimeelewa. Harusini hukuja. Simu hupokei. Nakuchagulia gemu kwa mikono yangu, najaribu kila pedi isije ikakuaibisha mbele ya wenzako, wewe unanirudishia kama mtu anayerudisha samaki aliyeoza. Mke wangu anasema huenda umekuwa mtu mkubwa huko na sisi wa bisibisi tumekuwa uchafu. Nilikutetea, nimechoka kukutetea.

Ya kuimba hutaki. Ya kuongea hutaki. Unataka nini basi, gemu ya bubu?

Ukiwa umetuchoka, sema. Hukuwahi kukosa cha kusema, wewe.

Fundi


14 Machi

Mdogo wangu Fundi,

Natumaini mkeo na mtoto hawajambo. Nakuandikia bila yeye kujua. Barua yako ya mwisho niliipokea mimi mlangoni, nikaifungua, na nimeificha. Nikasirikie ukitaka, lakini nisikilize kwanza.

Ndugu yako hana sauti. Siyo kwamba imekauka, haipo. Mwezi wa kumi na moja walimpasua shingo wakatoa uvimbe mbaya, na sauti ikaondoka nao. Daktari anasema uvimbe umekwisha kabisa, tumshukuru Mungu, ila sauti hairudi tena. Anapumua kwa tundu dogo hapo shingoni, analifunika kwa kitambaa. Kuongea kwake ni kuandika kwenye ubao wa chaki anaotembea nao kwapani. Siku ya harusi ya binti yako alikuwa kwenye kitanda cha hospitali. Alituapisha sote tusikwambie, mpaka makondakta.

Mimi namtunza. Rafiki zake nimewaonya: wasipige kelele, wasibishane naye, wasimchekeshe, maana naogopa akicheka hewa itamkaba. Wanaelewa, ni wanawake wazuri, wanakaa kimya. Sasa wewe unaleta gemu. Naomba uache.

Mwisho wa mwezi namhamishia kwangu. Chumba nimeshakipaka rangi. Yeye anapinga, ubao umejaa matusi, nami nafuta. Msaidie akubali. Wewe anakusikiliza.

Dada Mkubwa


18 Machi

Mpendwa dada yangu,

Pole sana. Pole tena na tena. Sijui niandike nini. Dada Mkubwa ameniambia yote, na kila nikikumbuka nilichokuandikia natamani kalamu ingevunjika. Nisamehe mimi mjinga, niliyekutumia maiki.

Usijisumbue kunijibu kama umechoka. Nimekutafutia gemu tulivu. Hakuna anayeruhusiwa kusema neno. Wote mnanyamaza, mnachora kidogo kidogo kwenye tivii, mwenzako anabahatisha kwa kuchagua picha. Hakuna haraka, hakuna kelele. Rafiki zako nimewaandikia kijikaratasi humo ndani ya boksi, wasikushindanie sana.

Ukihamia kwa Dada Mkubwa utapumzika vizuri. Sikiliza ushauri wake. Sote tunakuombea.

Akupendaye,
Nduguyo


22 Machi

Wewe Fundi,

"Mpendwa dada yangu"! Nani huyo? Nimeisoma barua yako mara ya kwanza nikadhani umeniandikia risala ya maziko. Nikageuza bahasha kuona kama umeweka na ubani.

Sikiliza vizuri, maana nitaandika haya mara moja tu.

Walikata sauti. Hawakukata kitu kingine. Nina mikono, nina macho, nina kichwa, na roho yangu mbaya unayoijua wameiacha pale pale ilipokuwa. Lakini niliporudi nyumbani nikakuta watu wamenizika. Mwalimu, aliyekuwa ananiita tapeli wa karata mbele ya wageni, sasa ananiachia nishinde. Naona kabisa ana karata nzuri, anazificha. Mshonaji ananisifia nguo ambayo mwaka jana aliniambia nimefanana na pazia. Muuguzi ndiye mbaya zaidi, ananiongelesha polepole, kwa sauti kubwa, kana kwamba walinitoa masikio. Wanakuja Jumamosi, wanakaa, wanatazama saa, wanaondoka wakisema pole. Wakifika nje ya geti ndipo wanacheka. Nawasikia, binamu. Nawasikia wakicheka bila mimi.

Unajua kwa nini sikukwambia? Ulikuwa umebaki wewe tu. Wewe peke yako duniani ulikuwa bado unanitukana. Barua zako nilizisoma jikoni, nimejifungia, na nilikuwa mtu. Ile ya "gemu ya bubu" nimeikuta chini ya godoro la Dada Mkubwa. Unadhani niliumia? Nilicheka, Fundi. Nilicheka hadi nikakaa sakafuni. Kisha nikafungua hii yako ya upole, ndipo nikalia.

Gemu yako ya kuchora tuliicheza. Wanawake wanne wazima wamenyamaza, tivii imenyamaza, tunachora vikombe. Mshonaji alikuwa anafuta machozi akijifanya ni mafua. Kijikaratasi chako nimekichana mbele yao. Sitaki wanyamaze kwa ajili yangu! Mimi nimenyamaza kwa lazima, wao wana sauti zao, wazitumie, wapige mayowe, wanitukane. Nataka gemu ambayo ndani yake hakuna mtu anayeweza kunihurumia hata akitaka.

Kuhusu kuhama: sihami. Dada Mkubwa anafuta ubao, mimi naandika tena. Chaki ninayo ya kutosha. Anasema hapa ninakaa kama mtu anayesubiri, na kwa hilo amesema kweli, Jumamosi zetu zimekufa na akizitazama anaona chumba cha mgonjwa. Zikifufuka, hatakuwa na la kusema. Zisipofufuka, basi labda nitakwenda, kwa sababu huu si uzima.

Kwa hiyo fanya kazi yako. Na usithubutu kuniita mpendwa.

Tarumbeta. Bado ni Tarumbeta.


26 Machi

Tarumbeta mwenye kichwa cha jiwe,

Harusi ya mwanangu uliikimbia, ukajificha hospitali ili usitoe zawadi. Nimekushtukia. Na ubao wa chaki sasa ndio utatumaliza, maana zamani tuliweza kuziba masikio.

Haya, nimefunga duka siku nzima nikazipitia gemu zote moja moja. Mke wangu kakaa pembeni akiniuliza, hii je? Namwambia, hapana, humo mtu anaweza kumwachia mwenzake. Hii? Hapana, mwenye roho nzuri atamsubiri. Mwishowe nikapata hii.

Ni wapagazi wanne. Miili yao imelegea kama ugali uliozidi maji. Wanabeba kabati kubwa, wanavuka nalo daraja jembamba juu ya mto. Kijiti kimoja cha kwenda, kitufe kimoja cha kushika, basi. Ukiachia kitufe kabati linaanguka. Ukilishika kwa nguvu unajipiga nalo mwenyewe. Na hapa ndipo penyewe: kitufe hakichagui. Kikikukuta karibu na kabati kinashika kabati, kikikukuta karibu na mtu kinashika mtu, na ukimshika mtu unaweza kumrusha mtoni. Anarudi baada ya muda mfupi, amelowa, ana hasira.

Huruma haifanyi kazi humo. Mtu akisogea ili akupishe, anadondoka na kabati, nanyi nyote mnalifuata. Maneno nayo hayasaidii. Nimewaona watu wazima wenye vyeo vyao wakipiga kelele "kushoto!" wote kwa pamoja na hakuna aliyekwenda kushoto. Huko wote ni sawa na wewe.

Waambie sheria moja tu, iandike kubwa ubaoni: atakayemwachia mwenzake, mlango ule pale.

Mambo ya kuhama siingilii. Una mikono, una chaki. Mimi ni fundi wa gemu tu. Lakini ukihama bila kunishindania kwanza, nitajua sauti haikuwa kitu pekee kilichoondoka.

Nililia na mimi, kwa taarifa yako. Nililia juu ya pedi ikaharibika. Utalipa.

Fundi


31 Machi

Mdogo wangu Fundi,

Hukunisikia. Nakuandikia nikiwa kwangu, na nitakueleza yaliyotokea ili usije ukayasikia kwa makondakta yakiwa yametiwa chumvi.

Jumamosi wamekuja watatu kama kawaida, wamevua viatu taratibu. Ndugu yako akawaonyesha ubao. Wakatazamana, wakanitazama mimi. Nikasema haya, kidogo tu, na msimchoshe. Wakaanza. Mwanzoni Muuguzi akawa anasogeza mtu wake pembeni ili ndugu yako apite. Ndugu yako akamshika mtu wa Muuguzi, akamzungusha, akamtupa mtoni. Muuguzi akacheka kidogo kwa adabu. Aliporudi, akamtupa tena. Kisha Mwalimu. Kisha Mshonaji, naye alikuwa karibu kabisa kuvuka na lile kabati.

Mshonaji akasimama, akasema, "We mwanamke una roho mbaya kama nini!"

Kisha akajiziba mdomo. Mimi nikamtazama ndugu yangu, nikaona amekaa wima, macho yanawaka. Akabonyeza kitufe, akamtupa Mshonaji mara nyingine.

Ndipo nyumba ikaharibika. Waliungana wote watatu. Mwalimu, mtu mzima yule, alipanda juu ya kochi na viatu vya ndani, anapiga kelele, "Mshike mguu! Mshike huyo tapeli! Mtupeni!" Muuguzi amemvua Mshonaji miwani kaivaa yeye. Wakamkamata ndugu yako kwenye daraja, wakamwinua, wakamtupa mtoni yeye na kabati lake, wakashangilia kama wamechukua kombe.

Nikasikia hewa inapiga shingoni kwake, fyuu, fyuu. Mabega yanatikisika, machozi yanamtoka, kainama mpaka magotini. Nikajua amekabwa. Nilitupa sufuria nikakimbia na taulo, nikapiga ukelele, "Mtamuua! Mnamuua ndugu yangu!" Nikawa nampiga mgongoni. Akanipokonya taulo akanipiga nalo.

Muuguzi, bila kuondoa macho kwenye tivii, akaniambia, "Dada, anacheka huyo. Hebu tupishe, hatuoni."

Nilirudi jikoni nikakaa juu ya ndoo. Mdogo wangu, nimekaa naye tangu alipotoka hospitali. Nimemfulia, nimempikia, nimeihesabu kila pumzi yake. Na sikuwa naijua sura ya kicheko chake kipya, kwa sababu miezi yote hiyo sikuwahi kumchekesha hata mara moja.

Jumatatu nilipanda basi. Alinibebea begi mpaka mlangoni mwa gari, akaandika ubaoni "Asante", akafuta, akaandika "Usirudi kabla ya wiki mbili". Nilitaka kukasirika, nikashindwa.

Dada Mkubwa


5 Aprili

Fundi,

Nilishindwa. Andika hilo ulibandike ukutani dukani kwako. Walinitupa mtoni mara nyingi hata mtu wangu akawa hakauki, na hakuna aliyeniambia pole.

Mwalimu alipokuwa anavaa viatu aliniambia nacheza kama mtu aliyefundishwa na mbuzi. Mshonaji amesema ile nguo kweli ni pazia, alikuwa ananidanganya. Muuguzi kanuna, kaondoka bila kuaga, na mto wake kaubeba. Nilisimama getini kuwasikiliza wakienda. Hawakucheka barabarani. Walikuwa wanabishana ni nani aliyeangusha kabati, na waligeuka kuniita nije nitoe ushahidi. Nikaenda na ubao wangu, na viatu sikuvaa.

Jumamosi hii watarudi. Wameapa kunitupa tena. Wajaribu.

Tarumbeta